Walichukua Jina la Mama Yake, Sasa Wanataka na Bwawa

Saa moja asubuhi, ndani ya banda la matofali mwisho wa Mtaa wa Gliniana, kichwa cha mwanamke kinapanda na kushuka juu ya ukingo wa pipa kubwa la mwaloni. Ameshika kamba iliyofungwa kwenye boriti ya paa, na chini ya miguu yake kabeji iliyokatwakatwa inalia kama theluji mpya inayokanyagwa.

"Usisimame mlangoni, unaniingizia baridi," anasema bila kugeuka. "Ingia au toka, moja."

Huyu ni Bi Wiesława Gąsior, mwenye umri wa miaka 63, ambaye hapa Podgrobla, pembezoni mwa jiji la Lublin, kila mtu anamwita Bi Wiesia. Kazi yake ni kuchachusha kabeji. Mama yake aliifanya, bibi yake aliifanya, na kwa miaka mingi mtaa mzima uliifanya, mpaka watu wa mjini wakawa hawasemi wanakwenda Podgrobla, wanasema wanakwenda kwenye kabeji.

Leo amebaki yeye peke yake.

Anakanyaga akiwa amevaa buti nyeupe za mpira ambazo hazijawahi kugusa ardhi ya nje. "Mama alikanyaga pekupeku," anasema. "Alisugua miguu kwa brashi na sabuni mpaka ikawa myekundu. Akaja mkaguzi wa afya, akasema buti. Nikavaa buti. Mimi si mbishi."

Mzee aliyeketi juu ya kreti pembeni anakohoa kicheko. Ni jirani yake, Mzee Teofil Bielak, mwenye umri wa miaka 84, aliyeacha kazi hiyo hiyo magoti yalipomgomea. Hawana undugu, lakini yeye humwita Wiesia "binti", naye Wiesia humwita "mjomba", tangu akiwa mtoto wa kutumwa chumvi.

"Si mbishi," Mzee Teofil anarudia taratibu. "Na mimi ni askofu."

"Kula tufaha lako, mjomba, uniache na mgeni."

Anamwaga tabaka jingine la kabeji, chumvi kiganjani, kisibiti kidogo, matufaha mawili yaliyokatwa. Kisha anarudi kukanyaga. Pipa moja linamchukua asubuhi nzima, na msimu huu ameandaa mapipa tisa. Yakijaa, atayafunga vifuniko, atapaka lami kwenye nyufa na kuyafunga mawe kwa kamba. Baada ya hapo yanatakiwa yaende majini, na hapo ndipo kwenye shida.

Nyuma ya banda lake, umbali wa kuvuka bustani moja, kuna bwawa. Lina kina kirefu na maji yake ya chini hayajui kiangazi wala masika. Mapipa ya Podgrobla huzamishwa humo kabla ya barafu na kutolewa mojamoja, la mwisho likitoka Juma Kuu, kabeji ikiwa bado ngumu na chachu kama inavyopaswa. Ikibaki bandani, kufikia katikati ya Januari inalainika kama tambi za jana. Hakuna anayenunua tambi za jana.

Mwaka huu bwawa hilo lina uzio wa chuma, geti na kufuli. Kampuni ya ujenzi iliyolinunua imetangaza kwamba kabla ya Krismasi italikausha na kulifukia ili pawe na uwanja wa watoto na chemchemi ya mapambo.

"Chemchemi," anasema Bi Wiesia, akikanyaga kwa nguvu zaidi. "Wana bwawa, wanalifukia, kisha wanaleta maji kwa bomba yaruke juu kidogo watu wapige picha. Na mimi ndiye naambiwa sijasoma."

Mwandishi wa makala haya amekula kabeji ya Podgrobla tangu hajaota meno ya utu uzima, na hana nia ya kujifanya hana upande.

Podgrobla ilianza na udongo wa mfinyanzi. Zaidi ya miaka mia moja na ishirini iliyopita, tajiri mmoja alifungua hapa kiwanda cha matofali, akaleta watu maskini kutoka vijiji vya jirani, akawachimbisha shimo. Matofali yakapanda mikokoteni kwenda mjini. Tajiri akapanda gari la farasi kwenda kucheza karata, mpaka siku moja kiwanda, farasi na gari vyote vikawa si vyake.

Wachimbaji, ambao walikuwa hawajalipwa, waliachiwa vipande vya ardhi kama malipo. Ilikuwa ardhi nzito, yenye maji, ambayo ngano iliikataa kabisa. Kabeji iliipenda. Shimo la udongo nalo likajaa maji, na wake wa wachimbaji ndio waliogundua kwamba chini kabisa ya maji hayo mna baridi isiyobadilika.

Kabeji bila chumvi ni majani yanayooza tu, na chumvi ya Podgrobla iliuzwa na familia ya Fajgenbaum, Wayahudi, kwenye duka lililokuwa karibu na daraja. Walikopesha kuanzia Septemba na kulipwa wakati wa Pasaka, mapipa yakitoka. Katika majira ya kuchipua ya mwaka 1942 walichukuliwa pamoja na Wayahudi wengine wa jiji, na hakuna hata mmoja wao aliyerudi. Bibi yake Wiesia alikuwa na chumvi yao ya mkopo ndani ya nyumba, bado hajailipa, wakati wanachukuliwa, na aliendelea kuitaja mpaka anakufa.

Sasa kampuni ya ujenzi imesimamisha ubao mzuri wa historia karibu na geti. Ubao huo unasema hivi kuhusu familia hiyo: "Wafanyabiashara wa chumvi baadaye walihamia kwingine."

Walihamia kwingine. Imechapishwa kwa herufi za dhahabu.

Bi Wiesia alikwenda ofisi za kampuni kuuliza. Aliambiwa kwamba ubao unasomwa na watoto pia, na si vizuri kuwatisha. "Nikamwambia yule kijana, hata wale wa Fajgenbaum walikuwa na watoto," anasema. "Akaniambia atalifanyia kazi. Tangu hapo analifanyia kazi."

Lakini kuna jambo moja katika historia ya mtaa huu ambalo watu wa Podgrobla hawawezi kumlaumu mtu wa nje peke yake, na Mzee Teofil hapendi kulieleza. Ilibidi aombwe sana.

Baada ya tajiri wa matofali kuondoka, ndugu wawili waligombea shimo lile la maji. Kila mmoja alisema ni lake. Walipigana ukingoni wakiwa wamelewa, mmoja akazama. Tangu siku hiyo watu wakakubaliana kwamba bwawa halina mwenyewe. Anayelitumia analifyeka magugu, asiyelitumia hana kazi nalo. Na ili pasiwe na mwingine wa kujifanya mmiliki, wakaweka faini: yeyote atakayesema "bwawa langu", hata ulimi ukiteleza, ananunulia mtaa mzima bia.

Vizazi vitatu vilikua na faini hiyo. Watoto walitegana nayo. Wakwe waliwategea wakwe zao. Mtu aliposhikwa, ilikuwa sherehe.

Mwaka 1977, mtaa ulipoingizwa ndani ya mipaka ya jiji, alikuja mpimaji ardhi kuandika nini ni cha nani.

"Kijana tu, ana viatu vya mjini, anatembea kwenye tope kama kuku," anasimulia Mzee Teofil. "Shamba hili la nani? Langu. Banda hili? Langu. Akafika kwenye bwawa. Nyumba ya kwanza wakamwambia si langu. Ya pili, si langu. Alipofika kwangu nilimwona baba mkwe amesimama dirishani, amekunja mikono, anangoja nikosee. Nikasema kwa sauti kubwa, si langu! Wakacheka wote."

Anamenya ganda la tufaha kwa kisu, hatazami mtu.

"Tulidhani ametumwa atutege. Jioni tulijisifu kwamba mtu wa mjini ametuzunguka nyumba zote na hakutupata hata kwa chupa moja."

Mpimaji akaandika kuwa bwawa ni la serikali, akaenda zake. Kwa zaidi ya miaka arobaini hakuna aliyehisi tofauti yoyote, kwa kuwa serikali haikuwa na kabeji ya kuzamisha. Miaka minne iliyopita bwawa likauzwa pamoja na malisho yanayolizunguka, na Podgrobla ikajua kwa mara ya kwanza kwamba ilikuwa imeligawa bure huku inacheka.

"Ni ujinga wenu, sawa," Bi Wiesia anamwambia mzee. "Lakini ujinga wa mtu haumpi mwingine haki ya kumfungia maji yake. Ungekuwa mjinga kwa kupoteza funguo, ningekuja kukaa nyumbani kwako?"

"Ungekuja," anasema Mzee Teofil. "Nakujua."

Juu ya malisho hayo yakaota majengo manne ya ghorofa nne, meupe, yenye vibaraza vya kioo. Mtaa huo mpya unaitwa Bustani za Leokadia.

Leokadia Gąsior ni mama yake Wiesia.

Mwaka 1968 mpiga picha mmoja aliyekuwa akipita mitaa ya pembezoni alimpiga picha akiwa ndani ya pipa, sketi imepandishwa magotini, anacheka mdomo wazi. Picha hiyo ilikaa miaka mingi kwenye maonyesho ya jumba la utamaduni la mtaa. Watu wa kampuni wakaiona, wakaipenda, wakaichora kwenye ukuta mzima wa jengo la kwanza, kutoka chini hadi kwenye paa. Hakuna aliyegonga mlango wa binti yake kuuliza.

"Nilikuwa nasubiri basi," anasema Bi Wiesia. "Kituoni kulikuwa na tangazo la nyumba. Nikaona miguu. Kabla sijaona uso, nikaona lile kovu la goti, alipoangukia jembe. Nikajiambia, ile ni miguu ya mama yangu, inauza nyumba."

Basi likaja, likaondoka, yeye amesimama pale pale.

Msemaji wa kampuni, Bwana Kajetan Brzoska, ni kijana mpole wa miaka 31 anayezungumza kama mtu anayemtuliza farasi. Alimweleza mwandishi kwamba picha ilikuwa hadharani, kwamba sheria imefuatwa, na kwamba lengo lilikuwa kuenzi urithi wa mahali. "Bi Wiesława angepaswa kuona fahari," alisema. "Mama yake anatazamwa na familia mia moja na sitini kila asubuhi."

Familia hizo mia moja na sitini zikafungua madirisha, zikasikia harufu.

Malalamiko ya kwanza yalikuja mwezi wa pili tu baada ya watu kuhamia. Kabeji inayochacha inanuka. Hilo halina ubishi, na anayesema hainuki hajawahi kusimama kwenye lile banda mwezi Oktoba. Wakazi wa Bustani za Leokadia wakakusanya saini dhidi ya binti wa Leokadia, wakiomba shughuli yake ihamishiwe "mahali panapostahili". Katika mtaa huu, kama kuna mahali panapostahili kabeji, ni hapo ilipo.

Bi Daria Malec, mhasibu mwenye umri wa miaka 34, ni mmoja wa waliotia saini. Kibaraza chake kinatazama paa la banda. Hakukwepa maswali. "Nina mkopo wa nyumba wa miaka thelathini na mtoto mwenye pumu," alisema. "Niliahidiwa hewa safi. Kwenye ukuta kuna mwanamke anacheka, hakuna aliyesema kwamba bado kuna anayekanyaga."

Bi Wiesia aliposomewa maneno hayo aliguna. "Mtoto namwonea huruma. Lakini huyo mama amenunua nyumba iliyochorwa pipa la kabeji kwenye ukuta, halafu anashangaa kuna kabeji. Angenunua iliyochorwa ng'ombe angelalamikia maziwa."

Baada ya malalamiko hayo ndipo ulipokuja uzio. Kampuni inasema ni kwa usalama wa watoto. Kufuli ilifungwa siku ya Jumatano, na Bi Wiesia alipoomba ufunguo aliambiwa aandike barua ya maombi. Aliandika. Akaambiwa kwamba matumizi ya bwawa "kwa shughuli za kibiashara" hayamo kwenye mpango wa eneo.

Biashara yenyewe si ya kutajirisha mtu. Katika mwezi mzuri wa baridi hubakiwa na zloti elfu tatu hivi baada ya kulipia miche, chumvi na meza ya sokoni. Katika miezi ya kiangazi hula pensheni ya ujane. Chumba cha baridi cha umeme alikiulizia bei mara moja, akashukuru na kukata simu. Bila maji yale, msimu huu ungekuwa wa mwisho.

Hapo ndipo Bwana Brzoska alipokuja bandani na keki ya jibini kwenye boksi. Kampuni ilikuwa inaandaa Siku ya Podgrobla, sherehe ya kufungua rasmi mtaa mpya. Kungekuwa na bendi, soseji za kuchoma na mashindano ya watoto. Wangefurahi sana kama Bi Wiesława angekubali kukanyaga kabeji mbele ya watu, pekupeku, na sketi kama ya marehemu mama yake. Angelipwa.

Mzee Teofil alikuwepo. Anaeleza kwamba Wiesia aliuliza swali moja tu: "Na kabeji yenyewe itakwenda wapi?"

"Akajibu, tutaitupa, mama. Kwa sababu za usafi."

Katika Podgrobla mkate ukianguka chini unaokotwa na kubusiwa. Kukanyaga pipa zima la chakula ili watu wapige makofi, kisha kulimwaga kwenye taka, ni jambo ambalo hata mlevi wa mtaa asingelitamka. Mzee Teofil alifumba macho akisubiri keki iruke dirishani.

"Akasema, nakubali," anasimulia. "Nikajua hapa kuna kitu."

Wiki mbili baada ya asubuhi ile ya bandani, siku ya Jumamosi yenye jua hafifu, Siku ya Podgrobla ilianza saa nne. Geti lilikuwa wazi ili wageni waingie kwenye gati dogo jipya la mbao na kupiga picha na bwawa kabla halijafukiwa. Bi Wiesia alifika na trekta la kukodi likivuta tela. Juu ya tela kulikuwa na mapipa yake tisa yaliyofungwa na kupakwa lami, kila moja na mawe yake. Alisema ni mapambo.

"Mapipa halisi!" alisema Bwana Brzoska. Akaomba yapangwe karibu na gati, yaonekane vizuri kwenye picha.

Alikanyaga kama alivyoahidi, kwenye pipa la kumi dogo, na buti zake nyeupe. Alipoombwa avue alisema sheria ni sheria. Watu walimzunguka, watoto wakataka kuonja, na chini ya mchoro ule wa ghorofa nne mama na binti walikuwa kama watu wanaofanya kazi ya zamu. Mwandishi alikuwa amejiandaa kuona aibu kwa niaba yake, lakini kwa dakika chache ilikuwa nzuri, na hilo lilimkasirisha zaidi.

Kisha Bi Wiesia alishuka, akajifuta mikono, akawaita wanawake wanne wa mtaa wa zamani kwa majina. Wakalilaza pipa la kwanza, wakalibingirisha hadi mwisho wa gati, wakalishusha kwa kamba. Likazama likitoa mapovu. Watu wakapiga makofi, na Bwana Brzoska akapiga makofi pia.

La pili likaenda. Bendi ikaanza kuwapigia mdundo. La tatu, la nne. Kufikia la sita Bwana Brzoska alikuwa ameacha kupiga makofi. Alimsogelea Bi Wiesia, akatabasamu kwa ajili ya kamera, akasema chini chini, "Mama, haya tunayatoa saa ngapi?"

"Juma Kuu," akasema Bi Wiesia. "Geuka kidogo, mwanangu, umesimama kwenye kamba."

"Lakini bwawa ni la kampuni."

Hapo Bi Wiesia akanyanyuka. Hakupaza sauti, lakini bendi ilikuwa imepumzika na wote walisikia.

"Kampuni imelijua juzi. Mimi hili bwawa ni langu."

Wale wanawake wanne wakageuka kumtazama. Hakuna mtu wa Podgrobla aliyekuwa amewahi kusema hivyo bila kulewa au kutegwa. Mmoja wao, jirani anayeuza mayai, akasema, "Na langu." Akafuata wa pili. Mzee Teofil, aliyekuwa ameketi kwenye kiti cha plastiki na soseji mkononi, akachukua muda wake, akasimama na fimbo yake.

"Na langu," akasema. "Nimechelewa miaka mingi, lakini ni langu."

Hakuna aliyedai bia. Yaliyobaki matatu yakazamishwa bila muziki.

Kampuni haikupendezwa. Ilimwandikia Bi Wiesia kwamba ameingiza mali binafsi katika eneo la ujenzi na ana siku kumi za kuitoa. Wakili mmoja wa mjini, ambaye bibi yake alinunua kabeji hapa, amejitolea kuwasaidia watu wa mtaa wa zamani kufungua kesi ya kudai umiliki kwa sababu wamelitumia bwawa muda mrefu. Shahidi mkuu ni Mzee Teofil. Ndiye pekee aliye hai kati ya wale waliomjibu mpimaji, na itabidi asimame mbele ya hakimu aeleze kwa nini mtu mzima alikana kitu anachokitumia kila siku.

"Wataniona punguani," anasema.

"Utawaambia ukweli," Bi Wiesia anamjibu. "Alikuuliza kama ni lako, na halikuwa lako peke yako. Punguani ni aliyeandika kwamba kitu kinachotumiwa na nyumba thelathini hakina mtu."

Siku kumi zikaisha. Jumatatu iliyofuata, saa mbili asubuhi, lori la pampu liliingia. Dereva alikuwa fundi wa makamo kutoka mji mwingine, Bwana Zygfryd Mazgaj, ambaye aliletwa afanye kazi ya siku mbili na hakuambiwa lolote zaidi. Alishusha mabomba, akayaunganisha, akaona ukingoni vigingi tisa vya mbao vinavyotokeza juu ya maji, kila kimoja na kamba inayozama. Akamuuliza mwanamke aliyesimama nje ya uzio na koti lililofungwa mpaka shingoni.

"Kuna nini huku chini?"

"Kabeji. Mapipa tisa."

"Ya kula?"

"Ulidhani ya kupiga pasi?"

Bwana Mazgaj alivuta sigara yake mpaka mwisho. Bi Daria Malec alikuwa amesimama kibarazani kwake na kikombe mkononi, na baadaye alimwambia mwandishi kwamba yeye alitia saini kuhusu harufu, si kuhusu hili, na kwamba hakuna aliyemuuliza kuhusu hili. Alipoulizwa kama ataiondoa saini yake, alisema atafikiria.

Fundi alipiga simu. Alimwambia bosi wake kwamba tope ni laini, lori linaweza kudidimia, na mabomba hayafiki. Mabomba yalikuwa yamefika. Ncha yake ilikuwa imeshalala kwenye maji. Aliyavuta, akayakunja taratibu, akapanda lori. Alipopita karibu na uzio alishusha kioo na kuuliza kama Bi Wiesia anapatikana sokoni Jumamosi.

Kampuni imesema kazi imeahirishwa hadi majira ya kuchipua "kutokana na hali ya ardhi". Kesi itaanza kusikilizwa Februari. Barafu ya kwanza imeshashika kingo za bwawa, na Bi Wiesia ameweka oda ya miche ya msimu ujao, mingi kuliko ya mwaka huu, kwa fedha zile zile alizolipwa kwenye sherehe ili kabeji itupwe. Ile ya pipa la kumi haikutupwa. Aliibeba nyumbani.

Watu wengi wanampongeza siku hizi. Sokoni wanamshika mkono, kanisani wanamwambia ashukuru Mungu kwa kupata miezi hii. Mwandishi naye, katika kuagana, alikosea akasema kwamba angalau mapipa yatabaki mpaka Pasaka.

Bi Wiesia aliweka chini ndoo ya chumvi.

"Kila mtu ananiambia nishukuru," alisema. "Nishukuru kwa lipi? Kwamba wameniachia maji yangu mpaka Pasaka? Mama yangu wamempachika ukutani, wale wenye chumvi wamewaandika walihama, na mimi wanataka wanitie kwenye ubao wao nikiwa bado napumua. Mimi sitaki kuachiwa. Nataka hakimu aandike majina yetu, nyumba moja moja, na la Fajgenbaum liwemo. Na kama nafasi haitoshi, akalete karatasi nyingine."